Kiumbe Asiye na Mdomo

Mimi ni mwalimu mzuri wa darasa la awali. Nalisema hili mapema ili nisimpotezee mtu muda, maana kuna wanaodhani unyenyekevu ni kujiponda. Watoto waliopita mikononi mwangu huingia darasa la kwanza wakijua kushika penseli, kufuata mstari, na kuomba ruhusa ya kwenda chooni kabla mambo hayajaharibika. Kazi hii nimeifanya huku Mogitu, wilayani Hanang, kwa muda wa kutosha kuwaona wanafunzi wangu wa mwanzo wakiota ndevu.

Nimezaliwa Maretadu, upande wa Mbulu, kwenye baridi na ukungu na maharage. Ni Mwiraqw, binti wa wakulima, na kwetu mtu mzima akikaa bila kufanya kitu huulizwa kama anaumwa. Nilipohamishiwa Hanang kikazi nilijua nitakutana na Wadatoga, wafugaji wa kule chini tambarare. Lakini kuonana na watu sokoni ni jambo moja, na kupewa watoto wao ni jambo lingine. Sokoni mtu anataka chumvi, unampa chumvi, mnaagana. Darasani nililetewa watoto ambao hawakuwa na neno hata moja la Kiswahili. Walikaa mbele yangu na shuka zao, macho makavu, wakisubiri nimalize.

Wenzao wa Kiiraqw nao nyumbani huongea Kiiraqw, ila kanisani na dukani walikuwa wameokota Kiswahili cha kutosha kunisumbua. Basi darasa likagawanyika: nusu kelele, nusu kimya. Nyimbo tulizopewa kufundishia hazikusaidia kitu. Wimbo wenye maneno unamfaa mwenye maneno.

Mtoto mmoja alinikosesha raha kuliko wote. Alikuwa msichana mwembamba wa Kidatoga, bangili moja ya shaba mkononi, anatoka boma lililo mbali na barabara. Muhula wote wa kwanza hakutamka neno, si la Kiswahili wala la kwao. Nikimwita jina, alinitazama kana kwamba naita mtu aliyesimama nyuma yake. Mwalimu mwenzangu akaniambia huyo ana shida ya masikio. Nikamjibu kwamba nikidondosha chaki anageuka kabla haijafika chini, kwa hiyo masikio tumwachie. Hofu yangu ilikuwa nyingine. Mtoto asiyezungumza mpaka mwaka unaisha hurudi nyumbani polepole. Hakuna anayemfukuza. Wazazi wanaona tu kwamba shule haijaongeza kitu, na ndama wanahitaji mtu wa kuwaangalia. Niliwahi kuliona hilo na sikutaka kuliona tena.

Ndipo nikamtunga yule kiumbe.

Ilikuwa asubuhi ya ukungu, kilele cha mlima Hanang kimefunikwa, watoto wananukia moshi wa majikoni kwao. Nikawaambia, kwa mikono zaidi kuliko kwa maneno, kwamba juu ya lile wingu kuna nchi. Ardhi yake ni wingu, mito yake inapita hewani, na ng'ombe wake hula ukungu wakatoa maziwa ya baridi. Katika nchi hiyo anaruka kiumbe mkubwa kama ndama. Mtoto mmoja akasema, "Ndege." Nikamkatalia, ndege ana mdomo, huyu hana. Hali, hanywi, haongei lugha ya mtu yeyote. Manyoya yake yana tundu katikati, kama kile kikonyo cha jani la boga ambacho kila mtoto wa Maretadu amewahi kukipuliza mpaka akachapwa. Upepo ukipita ndani yake yanalia, kila unyoya na sauti yake. Huo muziki ndio uhai wake. Manyoya yote yakilia pamoja anapaa, na yakinyamaza anaanguka.

Nikawagawia manyoya. Huyu akapata mlio mwembamba kama wa mbu, huyu filimbi, yule wa kugonga ulimi. Neno halikuwemo hata moja, kwa hiyo hakuna aliyejua kuliko mwenzake. Tukatandaza mikono tukazunguka darasa. Nilipomfikia yule msichana nilikuwa nimekata shauri nimpe unyoya wowote, hata kama hatautumia, mradi asiachwe. Kabla sijasema lolote akatoa sauti. Ilikuwa ya chini sana, ya kifuani, inapanda kidogo mwishoni kisha inarudi, na haikufanana na umri wake. Darasa lote likatulia. Nilifurahi kiasi cha kutaka kulia, lakini mwalimu wa awali akilia darasani siku imeharibika, kwa hiyo nikasema tu, "Vizuri. Huo ndio unyoya mkubwa wa bawa la kushoto."

Baada ya hapo hawakutaka kitu kingine. Hata uji walikuwa wanaunywa upesi ili warudi kuruka. Msichana alikuwa anakuja mapema, anasimama upande wake wa kushoto na kusubiri wenzake. Kuongea bado, lakini macho yake yalikuwa yamefika darasani.

Kiumbe akahitaji jina. Watoto wa Kiiraqw wakataja majina ya mbwa wao na ya wachezaji wa mpira. Kukawa na ubishi. Katikati ya ubishi msichana akasema jina, mara moja, kwa sauti ya mtu anayejibu swali jepesi. Lilikuwa jina refu, zuri, linajaza mdomo. Watoto wengine wa Kidatoga wakacheka kwa furaha, nikadhani wamelipenda kama nilivyolipenda mimi. Nikaliandika ubaoni kwa herufi kubwa. Hapa sitaliandika, na muda si mrefu mtaelewa kwa nini.

Mimi kitu kikiota vizuri hukiongezea mbolea. Nikatunga wimbo: jina mara mbili, manyoya yalie, jina tena. Kisha nikawaagiza waende nao nyumbani. Kila mtoto amfundishe mama yake. Mama aimbe jina, mtoto aitikie kwa unyoya wake. Nilijipongeza sana kwa wazo hilo. Chuoni walitufundisha mzazi ashirikishwe, nami nikawa nimemshirikisha mpaka jikoni kwake.

Wiki iliyofuata msichana hakuja, wala watoto wengine wa boma lao. Tulipojaribu kumrusha kiumbe wetu, waliobaki wakalalamika kwamba anapinda upande mmoja. Walikuwa sahihi, alipinda. Nikataka kumpa mtoto mwingine ule unyoya mkubwa. Mvulana mmoja ambaye siku zote hana adabu akanikazia macho, akasema, "Mwalimu, huo una mwenyewe." Hakuna aliyeuchukua.

Sababu ya wao kutokuja niliijua. Yaani niliijua kama ninavyojua mambo mengi, bila kuuliza. Kiangazi kimeingia, ng'ombe wanapelekwa mbali kwenye maji, ndama wanabaki, na anayebaki na ndama ni mtoto wa kike. Nina hotuba nzuri ya elimu kwa ajili ya wazazi wa namna hiyo. Iliwahi kumfanya baba mmoja arudishe watoto shule na kuniletea jogoo juu yake. Nikapanda bodaboda mpaka njia ilipokwisha, nikamalizia kwa miguu kwenye vumbi, na kadiri nilivyotembea hotuba ilizidi kunoga.

Bomani nilimkuta mama wa msichana amekaa kivulini na wake wa ndugu za mumewe, wanashona shanga kwenye ngozi. Wanaume walikuwa wametoka na ng'ombe. Mama yule ni mdogo kwangu kwa umri. Akasimama, akaniamkia, "Shikamoo mwalimu," akanipa kigoda, akaniletea maziwa ya mgando kwenye kibuyu. Nikanywa, maana ukikataa maziwa ya Mdatoga umeanza vibaya. Kisha nikamuuliza kwa nini mtoto haji shule.

Akatazama chini. "Shule nzuri," akasema kwa Kiswahili chake cha kuokoteza. "Si shule. Ni hicho kinaruka."

"Kinachoruka? Unamsema yule…" Nami nikalitaja jina.

Akageuza uso kana kwamba nimemmwagia maji. Mmoja wa wale wanawake akainuka akaenda nyuma ya nyumba. Nikadhani sijaeleweka, na mwalimu asipoeleweka hurudia. Nikalitaja tena, polepole na kwa sauti, silabi kwa silabi, nikipiga na makofi kama ninavyofanya darasani. Mwingine akainuka. Nikaona labda wimbo utasaidia, nikaanza kuimba. Kivuli kikabaki kitupu, tukawa wawili, mimi na mama wa msichana. Alikuwa amejifunika shuka masikioni, lakini hakuondoka, kwa sababu mgeni haachwi peke yake.

"Mama, tatizo ni nini? Niambie tu."

"Siwezi sema."

"Kwa nini huwezi?"

"Nikisema, nimesema."

Hapo hasira zikanipanda. Nimetoka mbali, jua linachoma, halafu naambiwa fumbo. Nikafungua hotuba yangu ya elimu. Sikufika hata kwenye sehemu nzuri, nikasikia mtu anacheka nyuma yangu.

Alikuwa mwanamke mtu mzima, kitenge, miwani, simu mkononi. Ni shangazi wa yule msichana, dada wa baba yake. Ameolewa Katesh, pale Jorodom, na tangu mlima Hanang uporomoke na tope liingie nyumbani kwake amekuwa akija hapa kwao kukaa kila akichoka na kujenga upya. Nikamwamkia shikamoo. Akaitikia marahaba, akakaa, akafuta machozi ya kicheko kwa ncha ya kitenge.

"Mwalimu," akasema, "hilo jina unalolipigia makofi ni la baba yangu."

"Baba yako wewe?" nikauliza.

"Ni marehemu sasa. Hawa wote ni wake wa wanawe. Kwetu mke halitaji jina la baba mkwe, awe hai, awe amekufa. Hata maneno yanayokaribiana nalo anayakwepa, anasema mengine. Mimi ni binti yake, naruhusiwa. Mtoto huyu ni mjukuu, naye sawa. Wewe ni mgeni, hujui. Lakini watoto wamekuja hapa wanawaambia mama zao, mwalimu amesema muimbe. Mama akikataa, mtoto analia, anasema kile kitu kitaanguka kife. Jioni nzima hapa ni vilio. Wakaona bora wakae nyumbani."

Nilikuwa nimemfundisha mke wa watu jina la mkwewe, silabi kwa silabi, na makofi juu. Wala desturi yenyewe haikunishangaza. Mama yangu huko Maretadu hajawahi kumwita baba yangu kwa jina. Anamwita baba wa kaka yangu mkubwa, na siku muuguzi alipomuuliza jina la mume wake, alinigeukia mimi nijibu. Ningedokezwa tu ningeelewa. Ila angenidokeza nani, na kwa neno lipi?

"Basi yaishe," nikasema. "Kesho tunambadilishia jina."

Mama wa msichana akashusha shuka masikioni. Akasema kitu kwa Kidatoga, haraka haraka, na shangazi akaacha kucheka.

"Anasema ukilibadilisha mtoto atanyamaza tena. Tangu babu yake afe hajaongea na mtu, hata humu ndani. Hilo jina ndilo neno lake la kwanza."

Hotuba ya jambo hilo sikuwa nayo. Nikatazama upande wa zizi la ndama. Msichana alikuwa amesimama kule, mkono mgongoni mwa ndama, ananiangalia kama alivyoniangalia muhula wa kwanza, kana kwamba mimi ni ukuta. Jina likibaki, mama yake hawezi kukaa nalo nyumba moja. Likiondoka, mtoto ananyamaza na mwakani hatakuwa mwanafunzi wa mtu. Niliumia, nalisema wazi. Niliona kwamba hata nikichagua lipi, kuna mmoja wao nitakayemuumiza.

Shangazi alikuwa na shauri lake. "Kwanza nimwone huyo kiumbe mwenyewe. Baba yangu hakuwa mtu wa kuchezewa. Siwezi kukubali jina lake apewe kuku."

"Si kuku," nikasema.

"Mwonyeshe."

Nikasimama. Mwanamke wa makamo, mwalimu, vumbi mpaka magotini, nikatandaza mikono katikati ya boma la watu na kuanza kuzunguka. Sauti ninayo, kwaya ya kanisani kwetu isingesimama bila mimi, lakini unyoya mmoja haurushi ndama. Nilipiga filimbi, nikagonga ulimi, nikavuma kama mbu. Mbuzi wakasogea pembeni. Wale wanawake wakachungulia kutoka nyuma ya nyumba, mmoja ameziba mdomo kwa kiganja. Nilijua nachekwa na sikujali, kwa sababu pale bomani nilikuwa naruka kwa ajili ya mtu mmoja. Nikaelekea upande wa zizi. Nikashusha bawa la kushoto, nikalishusha zaidi, nikapinda kama alivyokuwa akipinda darasani siku zile, mpaka nikayumba kwelikweli na goti likagusa chini.

Sauti ikatoka zizini. Ilikuwa ile ya chini, ya kifuani, inayopanda kidogo mwishoni na kurudi. Ndama wote wakainua vichwa wakaanza kumsogelea yule mtoto.

Nikanyanyuka, nikajipangusa. Shangazi alikuwa amevua miwani. Akaniambia kwamba ndivyo baba yake alivyokuwa anaita ng'ombe kwenda kwenye maji. Ilikuwa sauti yake peke yake. Hakuna mwanawe aliyeiweza. Mjukuu huyu alikuwa anabebwa mabegani kwake kila safari ya maji.

"Sisi tulidhani tumeizika naye," akasema. "Mwalimu, jina liache lilivyo."

"Na hawa mama?"

Akawageukia wale waliokuwa wanachungulia, nami nikapata jibu. Nikamuuliza: hawa wanapotaka kumzungumzia mzee, labda wanagawana ng'ombe wake au wanakumbuka maneno yake, husemaje? Akasema wana neno lao. Kila jina linaloachwa lina neno la heshima linalokaa mahali pake, wanawake wanalijua na wanafundishana. Nikasema basi wampe kiumbe neno hilo. Ana mabawa mawili yule. Bawa moja la watoto waimbe jina kule darasani, bawa la pili la mama zao waimbe neno lao, na hakuna atakayevunja heshima ya mtu. Nilisema kwa sauti ya mtu aliyelifikiria jambo tangu Krismasi, ingawa lilikuwa limenijia papo hapo.

Shangazi akawatafsiria, nao wanawake wakarudi kivulini wakaanza kujadiliana. Sikuelewa neno, ila mabishano nayajua kwa sura. Mkubwa wao alikataa. Alipiga ngozi aliyokuwa anashona, akanionyesha kidole. Shangazi akanitafsiria kwamba anasema neno la heshima si la kuchezea watoto. Kisha shangazi mwenyewe akamjibu, na baadaye akaniambia alichomjibu: kwamba neno hilo halikuwekwa likae kabatini kama sahani za harusi. Mkubwa wao akanuna kidogo. Hakukubali wala hakuondoka, na kwa wanawake wa pale nadhani hiyo ilikuwa ruhusa.

Mama wa msichana akasimama. Akalitamka lile neno mara mbili kwa sauti ndogo, kama mtu anayeonja uji wa moto. Mtoto akaitikia kutoka zizini. Mama akalirudia, safari hii likiwa na wimbo ndani yake, wimbo wangu ule ule, na sauti ikapanda. Mtoto akaitikia tena, akatoka kati ya ndama na kuja mikono imetandazwa. Wengine wakaingia mmoja mmoja, bangili zao zinagongana. Yule mkubwa aliimba mwisho, uso umegeukia ukutani. Neno lao lilikuwa na maana gani sikuuliza. Sikuwa na haki nalo. Nilipiga filimbi yangu kwa sababu kulikuwa na pengo la filimbi.

Mama alinisindikiza mpaka kwenye njia ya bodaboda. Hatukuzungumza sana, Kiswahili chake kilikuwa kimechoka na Kidatoga changu hakijazaliwa. Alikuwa anafuta macho kwa kona ya shuka na hakunificha, nami sikujifanya sijaona.

Asubuhi iliyofuata nilimkuta msichana mlangoni mwa darasa na binamu zake. Nikafungua kufuli. Wengine wakaingia mbio, yeye akabaki amesimama mbele yangu, anapanga maneno. Nilimsubiri.

"Mwalimu," akasema kwa Kiswahili, "jana mama ameita babu."

Nikamwambia najua, nilikuwepo, nilisikia.

Akafikiri. Kisha akaniuliza kama babu aliitika.

Mimi watoto siwadanganyi. Nikamwambia ndiyo, aliitika, nilimsikia kwa masikio yangu mwenyewe akiitikia kutoka zizini, kati ya ndama. Akatikisa kichwa kukubali, akaingia darasani na kwenda kusimama upande wa kushoto.